Usiku wa Mwambao: Historia ya Hofu na ya Kukesha Pamoja

Usiku wa mwambao wa Afrika Mashariki ni mrefu mwaka mzima. Lamu iko nyuzi 2 kusini ya ikweta na Unguja nyuzi 6, hivyo tangu jua kuchwa mpaka kucha hupita kiasi cha saa 12, na tofauti kati ya usiku ulio mrefu kuliko wote na ulio mfupi kuliko wote haifiki saa moja. Jua likishazama, giza halingoji. Ndani ya nusu saa njia ya mchangani haionekani tena. Kwa karne nyingi kabla ya umeme, nusu ya umri wa mtu ilipita katika giza hilo, na jinsi Waswahili walivyoishi nalo ni sehemu ya historia yao sawa na majahazi na nyumba za mawe. Historia hiyo imejaa hofu. Ndani yake pia kuna dawa iliyorithiwa kizazi baada ya kizazi: mtu asiachwe peke yake usiku.

Usiku unaotangulia mchana

Katika hesabu ya zamani ya Waswahili, siku huanza magharibi. Usiku wa Ijumaa ni ule unaoingia Alhamisi jioni. Ijumaa yenyewe hufuata nyuma yake. Saa nazo huanza upya jua linapozama: saa moja usiku ni saa ya kwanza ya giza. Kabla ya saa za ukutani kuenea, usiku ulipimwa kwa sala na kwa viumbe: magharibi, isha, usiku wa manane, wakati wa daku, jogoo la kwanza, kisha alfajiri.

Magharibi ndiyo iliyoogopwa kuliko nyakati nyingine zote, kwa kuwa ilihesabiwa kuwa mpaka. Hadithi ya Mtume iliyomo katika mkusanyiko wa Bukhari inaagiza watoto wazuiwe ndani usiku unapoingia, milango ifungwe kwa kutaja jina la Mwenyezi Mungu, vyombo vifunikwe na taa zizimwe wakati wa kulala. Mafunzo hayo yalikutana na imani za wenyeji kuhusu mizimu, mashetani na majini, na kutoka hapo ikakua adabu nzima ya usiku. Adhana ya magharibi ilipoanza, mama aliita wanawe kutoka uwanjani, na mchezo ulivunjwa hata kama haujaisha. Haikupigwa mbinja gizani. Taka hazikufagiwa zikatupwa nje. Kucha hazikukatwa. Sindano haikuuzwa wala kuazimwa, na nyoka hakutajwa kwa jina lake, aliitwa kamba.

Kila katazo lilikuwa na maelezo yake, na maelezo hayo yalitofautiana baina ya mji na mji. Matokeo yake yalikuwa mamoja: makatazo hayo yalimrudisha mtu nyumbani mapema, yakampunguzia sauti na mwendo, na kumweka karibu na wenzake kabla ya giza kukomaa.

Majina ya hofu

Kiswahili kina maneno mengi ya hali ambazo usiku huzileta, na kila neno lina kazi yake. Woga ni tabia ya mtu. Hofu ina kitu inachokielekea. Wasiwasi ni mnong'ono wa ndani unaomnyima mtu utulivu, na neno lenyewe katika asili yake ya Kiarabu lilitumika kwa uchochezi wa shetani moyoni. Kihoro ni simanzi na fadhaa inayomshika aliyefiwa au aliyepotelewa.

Neno lililo karibu zaidi na upweke wa usiku ni ukiwa. Mkiwa ni mtu asiye na watu wake, yatima au masikini aliyeachwa na jamaa. Ukiwa ni hali yake, na ni pia hali ya mahali palipohamwa. Lugha imeliweka jumba lisilo na watu na mtu asiye na watu chini ya jina moja.

Pwani haikukosa mahali pa ukiwa. Miji mingi ya mawe ilihamwa kwa vita, kwa kukauka kwa visima au kwa kuhama kwa biashara, na magofu yake yalibaki kati ya mibuyu na misitu. Mfano unaojulikana zaidi ni Gede, kilomita zipatazo 16 kusini ya Malindi, mji uliokuwa na msikiti mkuu, jumba la mtawala na nyumba za matajiri, na ambao uliachwa katika karne ya 17. Serikali ya kikoloni iliutangaza kuwa mahali pa kihistoria mwaka 1927, na mwaka 1948 mwanaakiolojia James Kirkman akaanza kuuchimba. Wenyeji waliokuwa jirani na magofu hayo waliamini kwamba yanalindwa na pepo wa wazee. Kirkman mwenyewe alikuja kuandika kwamba alipoanza kazi pale alihisi kama kuna kitu kinachomtazama kutoka nyuma ya kuta. Alikuwa msomi aliyekwenda kupima kuta na kuhesabu vigae, na bado ukiwa wa mahali pale ulimgusa kama ulivyowagusa wakulima wa jirani.

Sauti za usiku nazo zilikuwa na tafsiri. Mlio wa bundi juu ya paa ulihesabiwa kuwa habari ya msiba. Komba, mnyama mdogo wa mitini mwenye macho makubwa, hulia mithili ya kitoto kichanga, na aliyelala peke yake kwenye dungu la shambani alihitaji moyo kuendelea kulala baada ya kusikia kilio hicho.

Hali iliyotisha kuliko zote ilikuwa ya ndani ya mwili: jinamizi. Mtu huzinduka usingizini, macho yakiona chumba, lakini mkono haunyanyuki na sauti haitoki. Kifuani huhisi uzito kama wa mtu aliyemkalia, na mara nyingi huwa na yakini kwamba kuna kiumbe chumbani. Sayansi ya usingizi inaeleza kwamba wakati wa kuota, ubongo huilegeza misuli ili mwili usitende yale yanayoonekana ndotoni, na kwamba mara nyingine fahamu hurudi kabla misuli haijafunguliwa. Hali hiyo huisha baada ya muda mfupi, pengine sekunde tu, na huwapata watu wa kila nchi. Waswahili walikuwa wameijua na kuipa jina kabla ya maabara yoyote. Walijua pia kwamba anayeguswa au kuitwa jina na aliyelala kando yake huzinduka upesi.

Nyumba, mkeka na hadithi

Nyumba ya mawe ya Lamu au Unguja ilijengwa kwa boriti za mikoko, na urefu wa boriti ndio ulioamua upana wa chumba, kiasi cha mita 3 hivi. Vyumba vilikuwa virefu na vyembamba, vimepangwa kimoja nyuma ya kingine, na kadiri mtu alivyoingia ndani ndivyo giza na stara vilivyozidi. Kwa wenye nyumba za udongo na makuti, kuta zilikuwa nyembamba kiasi kwamba kikohozi cha jirani kilisikika. Katika nyumba zote hizo kulala peke yako kulikuwa jambo la nadra. Watoto walilala na bibi yao kwenye kitanda cha kamba au walipangwa juu ya mkeka mmoja. Wageni walitandikiwa sebuleni, na vijana wa kiume walijikusanya pamoja kwenye ukumbi au barazani.

Hadithi zilikuwa kazi ya usiku. Mchana hazikusimuliwa, na mtoto aliyezitaka kabla ya jua kuchwa alitishwa kwamba ataota pembe au kupata balaa nyingine. Msimulizi alianza kwa kusema "Paukwa!" na wasikilizaji wakajibu "Pakawa!" Mwito huo na kiitikio chake ulikuwa na faida isiyotajwa: katika chumba ambamo nyuso hazionekani, kila mtoto alisikia sauti za wenzake na kujua kwamba wote wapo na wako macho. Baada ya hapo zimwi lingeweza kuingia katika hadithi bila kumdhuru mtu. Mwaka 1870 Edward Steere, aliyekuja kuwa askofu wa Unguja, alichapisha London mkusanyiko wa hadithi alizozisikia kisiwani humo. Mazimwi, majini na wanyama wasemao waliojaa ndani yake walikuwa wameshapita vinywani mwa mabibi wengi kabla ya kufika kwenye karatasi.

Watu ambao hawakuachwa

Desturi za pwani ziliainisha waziwazi watu ambao upweke wa usiku uliaminika kuwadhuru zaidi, na kuwapangia wa kulala nao. Wa kwanza alikuwa mzazi. Kwa siku 40 baada ya kujifungua, mama na mtoto wake walikuwa na mkunga, mama yake mzazi au dada chumbani. Taa ndogo iliachwa ikiwaka, na kisu au kipande cha chuma kiliwekwa chini ya mto wa mtoto. Wa pili alikuwa bibi harusi: katika siku saba za fungate, somo au kungwi wake hakuwa mbali.

Wa tatu ni mfiwa, na hapo ndipo desturi ilipofanya kazi kubwa kuliko mahali pengine popote. Maiti ikishazikwa, mara nyingi siku ileile, usiku wa kwanza ulikuwa mzigo ambao hakuna aliyetakiwa kuubeba peke yake. Vitanda viliondolewa, mikeka ikatandikwa chumba kizima, na wanawake wa ukoo na mtaa wakaja na kanga zao wakalala chini, bega kwa bega na mfiwa. Wanaume walikaa nje barazani. Usiku wa manane mjane aliposhtuka na kupapasa mahali alipozoea kulala mumewe, mkono wake ulikutana na mkono wa mtu. Aliyetaka kulia alilia, na aliyeamka naye alimpa maji. Hayo ndiyo matanga, na kwa kawaida yalivunjwa siku ya tatu kwa kisomo na chakula. Baada ya hapo mjane aliingia eda ya miezi 4 na siku 10 inayoagizwa na Kurani, na ilikuwa kawaida binti wa ukoo apelekwe kuishi naye muda wote huo.

Taa na starehe za usiku

Mwanga wa nyumbani ulitokana na mafuta ya nazi au ya ufuta yaliyochomwa katika vijitaa vya udongo na shaba. Mwishoni mwa karne ya 19 yalianza kuingia kwa wingi mafuta ya ardhini yaliyosafishwa, ambayo watu waliyaita kwa kazi yake: mafuta ya taa. Yaliletwa katika makopo ya bati yenye ujazo wa lita 18 hivi, na kopo hilo, debe, likawa kipimo cha mahindi na maji hadi leo. Mafundi walikata makopo ya bati wakatengeneza vibatari na koroboi zenye utambi wa pamba. Mwenye uwezo alinunua chemli yenye kioo, na penye shughuli kubwa, kama harusi au maulidi, karabai ilitundikwa ikamulika uwanja mzima.

Mwanga haukugawanywa sawasawa. Beit al-Ajaib, jumba alilojenga Sultan Barghash mwaka 1883, lilikuwa la kwanza Unguja kuwekwa taa za umeme, na mbele yake ulisimama mnara wa taa ulioharibiwa na mizinga ya Waingereza tarehe 27 Agosti 1896. Ng'ambo, upande wa pili wa hori, walikoishi wengi wa waliokuwa watumwa na uzao wao, vibatari viliendelea kuwa tegemeo kwa miongo mingi. Hata hivyo usiku wa Ng'ambo haukuwa wa kimya. Siti binti Saad, aliyerekodi sahani zake za kwanza Bombay mwaka 1928, alikuwa na nyumba huko ambamo watu walikusanyika usiku kusikiliza taarabu. Mji Mkongwe ulikuwa na klabu ya Ikhwani Safaa, iliyoanzishwa mwaka 1905. Mwezi wa Ramadhani uligeuza usiku kuwa mchana: baada ya tarawehe mitaa ilijaa, na kabla ya alfajiri wapiga daku walipita na ngoma kuwaamsha waliolala. Mpweke wa mtaani alijua kwamba angalau mara moja usiku kuna mtu atapita mlangoni kwake.

Mumiani na Popobawa

Miji ya kikoloni ilileta hofu mpya. Watu waliohamia Mombasa, Nairobi na Dar es Salaam kutafuta kazi walilala miongoni mwa wageni, katika mitaa isiyo na wazee wao. Humo ulikua uvumi wa mumiani: kwamba wako watu wanaozunguka usiku kukamata wapita njia na kuwatoa damu ya kutengenezea dawa. Neno lenyewe lilikuwa la zamani, la dawa nyeusi iliyokuja kwa majahazi kutoka Uajemi na Uarabuni. Kati ya miaka ya 1920 na 1950 uvumi huo uliwalenga hasa watumishi wa serikali, na katika Kenya na Uganda wazimamoto, waliokuwa na magari mekundu na kazi ya usiku, walishukiwa kuliko wote. Mwaka 1959 uvumi wa mumiani ulizusha ghasia na mauaji katika mtaa wa Buguruni, Dar es Salaam. Mwanahistoria Luise White, katika kitabu alichokitoa mwaka 2000, ameonyesha kwamba watu walitumia masimulizi haya kusema yale waliyoyaona katika utawala wa kikoloni: nguvu isiyojulikana inayochukua miili na jasho la watu bila kutoa maelezo.

Zanzibar huru nayo ilikuwa na wimbi lake. Mapinduzi yalianza usiku wa kuamkia tarehe 12 Januari 1964, na kwa miaka kadhaa baadaye kugongewa mlango usiku kulikuwa na maana ambayo hakuna aliyehitaji kufafanuliwa. Katika miaka hiyo, wazee wa Pemba wanakumbuka, ndipo aliposikika Popobawa, shetani aliyeitwa kwa kivuli cha bawa la popo. Alirudi kwa nguvu kubwa mapema mwaka 1995, Ramadhani ilipokuwa imeingia. Uvumi ulianza Pemba, ukavuka hadi Unguja, kisha ukafika Dar es Salaam na miji mingine ya mwambao. Waliosema wamevamiwa walisimulia mambo yanayofanana: kuzinduka ghafla, uzito kifuani, sauti isiyotoka, na aibu ya kudhalilishwa. Iliaminika kwamba asiyetangaza yaliyompata angevamiwa tena, kwa hiyo kila tukio lilienea asubuhi yake.

Watu walihama vyumba vyao. Familia zilitandika mikeka uani, mbele ya nyumba na kando ya barabara, zikawasha mioto na kukesha zikizungumza na kusoma dua. Majirani waliokuwa hawasemezani kwa sababu ya vyama vyao vya siasa walilala safu moja. Hofu hiyo ilikuwa pia na sura mbaya: mjini Unguja, kijana mmoja mgeni, mgonjwa wa akili, aliuawa na umati uliomdhania kuwa ndiye Popobawa. Mwanaanthropolojia Martin Walsh, aliyeichunguza taharuki hiyo kwa kirefu, aliyahusisha masimulizi ya wavamiwa na jinamizi. Alionyesha pia jinsi wananchi walivyoifasiri kwa siasa, kwa kuwa Zanzibar ilikuwa inaelekea uchaguzi wa Oktoba 1995, wa kwanza wa vyama vingi tangu Mapinduzi. Uvumi ulisikika tena Zanzibar mwaka 2001 na Dar es Salaam mwaka 2007.

Umeme na kukatika kwake

Mwaka 1980 Unguja iliunganishwa na umeme wa bara kwa waya uliolazwa chini ya bahari. Pemba iliunganishwa na Tanga mwaka 2010. Vijiji vya mashamba vilifuata kidogokidogo. Uroa, pwani ya mashariki ya Unguja, ulipata umeme mwanzoni mwa miaka ya 1990, na mtafiti Tanja Winther kutoka Norway aliandika jinsi wanakijiji walivyohusisha taa za nje na usalama, na jinsi televisheni ilivyobadilisha jioni zao. Mwanga ulipunguza hofu ya njiani, ukarefusha saa za kusoma na kufanya kazi. Pia uliwaingiza watu ndani: aliyekuwa akikaa barazani hadi isha sasa alikaa mbele ya kioo.

Tarehe 21 Mei 2008 umeme ulikatika Unguja nzima na haukurudi kwa takriban wiki nne. Tarehe 10 Desemba 2009 ulikatika tena, safari hii kwa miezi mitatu. Pampu zilisimama, vyakula viliharibika, hospitali na hoteli zikategemea jenereta. Vibatari na chemli vilirudi sokoni, na mabaraza ya Mji Mkongwe na Ng'ambo yakajaa watu usiku. Kizazi kilichozaliwa na swichi ukutani kilijikuta kikifanya kama babu zake: kutoka nje na kuketi karibu na wengine.

Leo wako wengi zaidi wanaolala peke yao kuliko wakati wowote wa nyuma: mwanafunzi katika chumba cha kupanga Dar es Salaam, mlinzi wa geti, mzee ambaye wanawe wote wako Muscat au Uingereza. Taa inawaka juu yao na simu iko mkononi, na bado wasiwasi wa saa nane usiku huwajia. Wazee wa mwambao waliamini mengi kuhusu usiku ambayo leo hayana ushahidi. Kuhusu upweke walisema kweli, na waliyoyatenda hayahitaji kuamini jini wala popo. Vijijini na mijini, Unguja na Pemba, mikeka bado hutandikwa usiku wa kwanza wa msiba. Aliye hai naye anastahili kugongewa mlango na jirani kabla hajafiwa.